Kilimia katika Anga ya Eldoret

Kilimia ni fungunyota lililomo katika kundinyota la Thauri, na ni miongoni mwa vitu vichache vya anga la usiku ambavyo jamii nyingi za Afrika Mashariki zimevipa jina. Wanandi, ambao nchi yao inapakana na Eldoret, hukiita Koremerik; Wamasai, Nkokua. Waarabu hukiita Thuraya, jina ambalo Oman na Zanzibar hupewa wasichana hadi leo. Kwa macho matupu watu wengi huona nyota sita zilizosongamana. Asiyewahi kukitazama angani huenda ameshakiona barabarani: zile nyota sita kwenye beji ya Subaru ni Kilimia chenyewe, kwa jina lake la Kijapani.

Darubini huonyesha kwamba nyota hizo si sita bali zaidi ya 1,000, zote zilizozaliwa katika wingu moja la gesi. Umri wake hukadiriwa kuwa miaka milioni 100 na ushei. Ukiulinganisha na miaka bilioni 4.6 ya Jua, Kilimia bado ni kichanga, dinosauri walikitangulia. Kubwa kati ya nyota hizo ni za moto mkali, ndiyo maana hung'aa kwa rangi ya buluu. Umbali wake uliwahi kuzua ubishi: mwaka 1997 vipimo vya setilaiti ya Hipparcos vilileta takriban miaka ya nuru 390, lakini vipimo vya redio vya mwaka 2014, na baadaye vya chombo cha Gaia, vilirudisha hesabu kwenye 440 hivi. Kwa maneno mengine, nuru tunayoiona leo ilitoka huko kabla Wareno hawajaanza kujenga Ngome ya Yesu, Mombasa, mwaka 1593.

Kazi kubwa ya Kilimia duniani imekuwa kuhesabu majira. Kila usiku nyota huchomoza dakika nne mapema kuliko usiku uliotangulia, na kwa mwaka mzima dakika hizo hukamilisha mzunguko. Eldoret, iliyo karibu na ikweta na mwinuko wa mita 2,100 hivi, mwendo huo unafuatana na shamba karibu hatua kwa hatua. Mahindi yanapopandwa, mwisho wa Machi na Aprili, Kilimia kiko chini upande wa magharibi mara giza linapoingia. Mwanzo wa Mei, wakati wa palizi ya kwanza, hakionekani tena, kwa kuwa Jua liko upande wake wa anga. Juni huzuka mashariki alfajiri, mahindi yakingoja mbolea ya pili. Kufikia katikati ya Novemba huchomoza Jua linapotua na kukesha hadi asubuhi, juu ya mabua yaliyokatwa na kusimamishwa mafungu mafungu shambani, wakati malori ya mahindi yanaelekea kwenye maghala ya Bodi ya Taifa ya Nafaka na Mazao.

Saa hiyo ni moja kwa wote, ila kila jamii iliisoma kwa mvua ya kwao. Pwani wana msemo kwamba Kilimia kikizama wakati wa jua huzuka na mvua, na kikizama wakati wa mvua huzuka na jua. Wamasai walichukua kutoweka kwake kuwa ishara kwamba mvua kubwa imekwisha. Uasin Gishu, uwanda ulipo mji wa Eldoret, masomo yote mawili hayafai: mvua huanza Machi au Aprili ikaendelea hadi Septemba, hivyo Kilimia huzama katika mvua na kuzuka katika mvua ile ile. Mkulima wa huko kama angefuata msemo wa pwani angefunga jembe mapema.

Usomaji wa Kinandi ulikuwa tofauti. A. C. Hollis, ofisa wa serikali ya kikoloni ambaye kitabu chake kuhusu Wanandi kilichapishwa Oxford mwaka 1909, aliandika kwamba kwa kuonekana au kutoonekana kwa Koremerik watu walijua kama watarajie mavuno mema au mabaya. Zao lenyewe wakati huo lilikuwa wimbi. Katika kitabu hicho hicho Njia Nyeupe, ule mkanda wa nuru unaokata anga, ni ziwa ambamo watoto wa nyota huoga na kucheza.

Uwanda wenyewe ulibadilisha wenyeji mara kadhaa. Jina la Uasin Gishu limetokana na tawi la Wamasai waliochunga hapo hadi walipotawanywa kwa vita katika karne ya 19. Makaburu walifika na magari ya kukokotwa na ng'ombe mwaka 1908, nao walikuwa na jina lao la Kilimia, Sewegesternte, la nyota saba. Mji ulioota kwenye shamba nambari 64, ambao wazee bado huuita Sisibo, ulipewa jina la Eldoret mwaka 1912.

Je, Kilimia huleta mvua? La. Mvua ya Uasin Gishu hufuata Jua linapovuka ikweta, pamoja na unyevu wa Ziwa Viktoria na wa Kongo. Nyota hutaja tarehe tu. Hata tarehe hiyo husogea: kwa kuyumba kwa mhimili wa Dunia, Kilimia huchelewa siku moja hivi kila miaka 70, yaani wiki mbili kwa miaka elfu. Mwaka 2000 watafiti walionyesha katika jarida la Nature kwamba wakulima wa Andes, wanaopima mng'ao wa nyota hizi mwezi Juni, hunasa mawingu membamba ya juu yanayoandamana na El Niño. Ni ugunduzi mzuri, lakini ni wa milima ya Peru na Bolivia, na kuuhamishia Eldoret ni kurudia kosa la kupeleka msemo wa pwani bara.

Taa za mji hukififiza. Ukingo wa Iten, unaotazama mashariki juu ya bonde la Kerio, ni mahali pazuri pa kukingoja jioni za Novemba na Desemba: anzia nyota tatu za mshipi wa Orioni, pita nyota nyekundu ya Aldebaran, endelea mbele kidogo, nacho kitakuwa hapo.