Phasmophobia: Mbinu za kuutambua mzimu bila kuangamia

YAPATA kilomita 12 kutoka mji wa Machakos, upande wa Kituluni, kuna kipande cha barabara kiitwacho Kyamwilu ambacho kwa miaka mingi kimewavuta wageni. Dereva huzima injini, huachilia breki, na gari huonekana likipanda mlima lenyewe. Maji yakimwagwa barabarani nayo huonekana yakikimbilia juu. Wapo wanaoshikilia kwamba hiyo ni kazi ya mizimu.

Barabara za aina hiyo zipo katika nchi nyingi duniani, na maelezo ya wanasayansi kuzihusu ni kwamba jicho hudanganyika. Pale ambapo vilima vimeuficha upeo wa macho, mteremko mdogo huweza kuonekana kama mwinuko. Pimamaji la mwashi linatosha kumaliza ubishi. Anayetaka kujua kilichopo hana budi kupima, wala si kuamini macho na moyo pekee.

Kanuni hiyo ndiyo msingi wa Phasmophobia, mchezo wa video wa kutisha ambao wachezaji hushirikiana kuchunguza majengo yenye mizimu. Jina lake limetokana na maneno ya Kigiriki yenye maana ya hofu ya mizimu. Ulitengenezwa na kampuni ya Kinetic Games ya Uingereza, ukaanza kuuzwa Septemba 18, 2020 kwa watumiaji wa kompyuta, na mwaka huohuo ukatuzwa katika hafla ya The Game Awards kama mchezo bora wa kwanza wa watengenezaji huru. Mnamo Oktoba 2024 ulifika kwenye PlayStation 5 na Xbox Series. Kwa hivyo vibanda vya michezo ambavyo bado vinatumia PlayStation 4 haviwezi kuuchezesha.

Lengo la mchezo

Kikosi huwa na mchezaji mmoja hadi wanne. Hufika kwa gari kwenye nyumba, shule au jengo jingine lililoachwa, na kazi yake ni moja: kutaja aina ya mzimu uliomo. Hakuna bunduki wala upanga, na hakuna anayetakiwa kuuangamiza au kuufukuza mzimu. Mchezaji anayeingia akitafuta vita atakuwa maiti kabla ya kufungua daftari lake.

Wazee wa Ukambani hawatashangazwa na utaratibu huo. Katika mila za Wakamba, nyumba iliyosumbuliwa na aimu, yaani roho za wahenga, ilimwendea mundu mue, mganga na mpiga ramli, ili kwanza ijulikane ni roho ya nani na inadai nini. Sadaka ilifuata baadaye. Kutambua kulitangulia kutenda.

Aina saba za ushahidi

Mchezo una aina saba za ushahidi, na kila mzimu huacha tatu kati ya hizo katika viwango vya kawaida vya ugumu. Ya kwanza ni kipimo cha tano kwenye kifaa cha kupimia sumaku-umeme. Vipimo vya pili, vya tatu na vya nne huonyesha tu kwamba mzimu umegusa au umefanya jambo, si ushahidi.

Ya pili ni alama za vidole na nyayo zinazong'aa chini ya mwanga wa urujuanimno. Hizi hufutika baada ya muda mfupi, hivyo mlango ukisikika ukifunguka ni vyema kuumulika mara moja. Ya tatu ni baridi iliyo chini ya sifuri kwenye kipimajoto. Chumba chenye nyuzijoto 3 ni baridi, lakini hakijathibitisha chochote.

Ya nne ni chembe za nuru zinazoelea hewani, ambazo huonekana kupitia kamera ya video pekee. Ya tano ni maandishi ambayo mzimu huandika katika daftari lililowekwa chumbani. Ya sita ni jibu kutoka kwa redio ya mizimu, na ya saba ni umbo linalopita katikati ya nukta za taa maalumu.

Redio huwashinda wengi kwa sababu ya haraka. Muulizaji anapaswa kuwa karibu na mzimu, taa za chumba zikiwa zimezimwa. Aidha, baadhi ya mizimu haijibu ila mtu aliye peke yake. Kikosi kinachojazana chumbani kikiuliza maswali kwa pamoja kinaweza kuondoka kikidhani redio haikujibu, ilhali mzimu ulikuwa ukisubiri wengine watoke. Inafaa mmoja abaki ndani na wenzake wasimame mbali nje ya chumba.

Kugawana kazi

Jambo la kwanza ni kukipata chumba cha mzimu. Swichi kuu ya umeme ikiwashwa, nyumba hupata joto taratibu, na chumba kinachobaki baridi hujitambulisha. Wakati huo mmoja ashike kipimajoto na mwingine kifaa cha sumaku-umeme, kila mmoja akishika upande wake. Wa tatu alete kamera na daftari mara tu chumba kinapojulikana. Wa nne anaweza kubaki garini, akiangalia picha za kamera na hali ya wenzake kwenye skrini.

Kazi ya garini hudharauliwa, lakini mara nyingi ndiyo inayookoa maisha. Aliye ndani haoni kiwango cha utulivu wa akili cha kikosi wala chembe za nuru kwenye skrini. Anamtegemea wa nje amwambie. Kwa hivyo taarifa ziwe fupi na kamili: chumba gani, kifaa gani, kimesoma nini. Kelele za "nimeona kitu!" hazimsaidii mtu.

Kila mchezaji pia ajue mlango wa kutokea na mahali pa kujificha kabla ya kuanza uchunguzi. Anayetafuta kabati wakati mzimu uko nyuma yake amechelewa.

Kuchambua kwa kuondoa

Mwenye ushahidi wa aina mbili asikate tamaa kwa kukosa wa tatu, atazame waliobaki. Katika orodha ya mizimu 24 iliyofikiwa mwaka 2022, kipimo cha tano pamoja na baridi chini ya sifuri humwachia mchunguzi majina manne tu. Alama za urujuanimno zikipatikana ni Jinn, ambaye jina lake Waswahili wanalifahamu kama jini. Daftari likiandikwa ni Shade. Redio ikijibu ni The Twins. Umbo likipita kwenye nukta za taa ni Oni. Badala ya kubeba vifaa vyote, kikosi sasa kinajua ni vinne gani vya kuangalia.

Tabia nazo husaidia. Jinn huongeza mwendo anapomwona mtu kwa mbali ikiwa swichi kuu imewashwa, wala haizimi swichi hiyo mwenyewe. Mzimu uitwao Wraith haukanyagi chumvi, kwa hiyo chumvi yenye alama ya unyayo inamwondoa kwenye orodha. Phantom hutoweka unapopigwa picha.

Hata hivyo, mchunguzi ajihadhari na The Mimic, mzimu unaoiga tabia za mingine. Huu huonyesha chembe za nuru juu ya ushahidi wake halisi wa redio, urujuanimno na baridi. Aliyeona baridi, alama na chembe ataandika Hantu na kuondoka akishangilia. Lau angaliuliza swali moja kwenye redio, huenda angalipata jibu ambalo Hantu haliwezi kulitoa.

Utulivu wa akili na msako

Kila mchezaji huanza na utulivu wa akili ambao hupungua kadiri anavyokaa gizani na kushuhudia vitendo vya mzimu. Wastani wa kikosi ukishuka chini ya asilimia 50, mizimu mingi huweza kuanza msako wa kuua. Demon huanza kwenye asilimia 70, na wakati mwingine hata kabla ya hapo, ilhali Shade husubiri hadi asilimia 35. Kwa sababu hiyo kuwasha taa ya chumba unachofanyia kazi ni kinga. Taa za vyumba vingi mno zikiwashwa kwa pamoja, swichi kuu hukatika na giza hurudi kila mahali.

Kwa kuwa kinachohesabiwa ni wastani, mtu mmoja anayerandaranda gizani huwahatarisha wote. Vidonge vya kutuliza akili vigawiwe kwa kuangalia takwimu za garini, si kwa ubinafsi.

Msako ukianza, mlango wa mbele hujifunga, na tochi na vifaa vya umeme huanza kuwaka na kuzimika. Zipo sekunde chache za mwanzo ambazo mzimu haujaanza kuua. Hizo ni za kujificha, si za kupiga mayowe. Mambo matatu huwasaliti waliojificha: kuonekana, kushika kifaa cha umeme kilichowashwa, na kuongea kwenye maikrofoni, kwa maana mzimu husikia. Zima tochi, nyamaza, kaa nyuma ya mlango uliofungwa.

Msalaba na ubani hutumiwa na wengi bila kuelewa tofauti yake. Msalaba huzuia msako kuanza, endapo mzimu uko karibu nao wakati huo. Ule wa daraja la kwanza hufikia mita 3. Msako ukishaanza, hausaidii kitu. Kwa hiyo uwekwe mapema ndani ya chumba cha mzimu. Ubani, kinyume chake, huweza kuchomwa hata msako ukiendelea, na huupumbaza mzimu kwa sekunde chache ili mtu akimbie. Ukichomwa karibu na mzimu kabla ya msako, huuzuia kuanza kwa sekunde 90, kwa Demon sekunde 60 pekee, na kwa Spirit sekunde 180. Mwenye saa na subira anaweza kuitumia tofauti hiyo kuutambua mzimu.

Hakuna kinga moja inayofaa kila mahali. Revenant hujikokota asipomwona mtu na hukimbia kwa kasi mno akimwona, kwa hiyo kujificha ndiyo salama. Deogen hujua kila mtu aliko, na kujificha kwake ni kujizika. Lakini huenda polepole sana anapokaribia, hivyo aliye hai amzungushe kwenye meza au nguzo hadi msako uishe. Mwenye kukariri mbinu moja ataokoka na mmoja na kuuawa na mwingine.

Makosa ya kawaida

Kosa la kwanza ni kumtaja mzimu mapema. Aliyeamua moyoni kwamba ni Demon kwa sababu tu umeshambulia haraka hutafuta vielelezo vya kumpendeza na kupuuza vya kumpinga. La pili ni tamaa: kikosi kimepata ushahidi wote, lakini mmoja anarudi ndani kupiga picha moja zaidi ili malipo yaongezeke. Anayekufa huweza kupoteza vifaa alivyobeba, na picha hiyo haivirudishi. La tatu ni kugusa vitu vyenye laana vilivyomo nyumbani kabla wenzake hawajajua, kwani baadhi yake hushusha utulivu wa akili au huamsha msako papo hapo.

La nne ni kumwacha mwenzao bila taarifa. Mchezaji aliyekufa huendelea kutazama, lakini sauti yake haiwafikii walio hai. Alilolijua na hakulisema hupotea naye. Kila kipimo kisemwe saa ileile kinapopatikana.

Nje ya mchezo

Katika Phasmophobia, jina lililotajwa kimakosa hupunguza malipo tu, na kesho kikosi huingia nyumba nyingine. Nje ya skrini gharama ni kubwa zaidi. Mnamo Oktoba 2021, wanawake wanne wazee waliuawa na umati katika eneo la Marani, Kaunti ya Kisii, kwa kushukiwa uchawi. Katika Kaunti ya Kilifi wazee wameuawa kwa tuhuma kama hizo, mara nyingine nyuma yake kukiwa na mgogoro wa shamba, na kituo cha Kaya Godoma huko Ganze kimewahifadhi waliokimbia makwao. Hakuna aliyepima kitu, na hakuna aliyeuliza ushahidi wa pili wala wa tatu. Jina lilitajwa kwanza.

Kijana wa Machakos aliyezoea kukataa jibu lisilo na ushahidi tatu, akiwa gizani na mzimu ukipumua nyuma yake, amejifunza jambo litakalomfaa siku atakaposikia umati ukilitaja jina la jirani yake.