Simu iliyoachwa na kampuni yaweza kuishi tena

Kipya kinyemi ingawa kidonda, na soko la simu limesimama juu ya methali hiyo. Hata hivyo, simu haifi siku kampuni inapoacha kuihudumia. Kinachokoma ni masasisho ya mfumo wake. Mianya ya usalama haizibwi tena, na programu huanza kuikataa moja baada ya nyingine.

Tazama Samsung Galaxy S III. Ilitoka 2012, na toleo lake la kimataifa, I9300, likaishia Android 4.3. Januari 2025, WhatsApp iliacha kuhudumia simu zenye mfumo ulio chini ya Android 5.0. Kioo na kamera vyaweza kuwa vizima, lakini kwa mfumo ule wa kiwandani WhatsApp haipatikani.

Dawa yake ilikwisha kutengenezwa na wajuzi wa kujitolea. Google hutoa wazi msimbo wa Android, hivyo mjuzi huuchukua, akaurekebisha ulingane na simu fulani, akaugawa bure. Steve Kondik wa Marekani alianza CyanogenMod hivyo mwaka 2009. Kampuni iliyotokana nayo ilipofunga huduma mwisho wa 2016, wenzake wa kujitolea waliendeleza kazi kwa jina LineageOS. Toleo la 14.1 liliifikisha I9300 kwenye Android 7.1.

Kabla hujampa fundi simu aifleshi, zingatia haya:

• Simu nyingi huwa na kufuli ya kiwandani inayozuia mfumo mwingine, na kuifungua hufuta kila kitu. Hamisha picha na namba kwanza.

• Hakikisha namba ya modeli. Simu zenye jina moja zaweza kutofautiana ndani, na mfumo usio wake huenda ukaifanya isiwake kabisa.

• Programu za benki huweza kugoma kwenye simu iliyofunguliwa. M-Pesa ya menyu ya laini haihusiki na ukaguzi huo.

• Wanaojitolea nao huchoka. LineageOS 14.1 haipati tena masasisho, kwa hivyo mianya hurudi. Uliza kama simu yako ingali kwenye orodha yao.

Simu ya namna hii yafaa kwa mtoto kusomea, kusikiliza redio au kupiga gumzo na jamaa walio mbali. Pesa zako ziweke kwenye simu ambayo bado yapata masasisho.