Mchezo Usio na Bwana

Michezo ni ya namna mbili. Ipo iliyofungwa, ambayo mchezaji huipokea kama alivyopewa. Na ipo iliyo wazi, ambayo wachezaji wenyewe huweza kuiongeza, kuipunguza au kuigeuza. Katika michezo ya vita, bao letu la pwani ni la namna ya pili.

Toka Kilifi hata Malindi, mtu hahitaji duka ili apate bao. Mkomwe huota karibu na ufuko, na mbegu zake ngumu ndizo kete. Asiye na ubao huchimba mashimo mchangani: safu 4, kila safu mashimo 8. Kete ni 64, na kila mchezaji ana jeshi la kete 32. Kete iliyotekwa haiuawi, humtumikia aliyeiteka.

Jeshi ni lile lile, lakini sheria ni mbalimbali. Katika bao la kiswahili mchezaji huanza na kete 10 ubaoni, 6 kati ya hizo zikiwa katika nyumba, na 22 mkononi, ambazo hunamua moja moja. Katika bao la kujifunza kete zote hupangwa mbili mbili tangu mwanzo. Huko Malawi mchezo huitwa bawo, nao una kanuni zake. Mageuzi hayo yote ni kazi ya wachezaji, wala hayana jina la mtu.

Desturi hii ya kale imezaliwa upya katika kompyuta. Mwaka 1999 kundi lililojiita Elecbyte lilitoa M.U.G.E.N., mchezo wa mapigano uliokuja na mpiganaji mmoja tu, Kung Fu Man. Yaliyobaki waliachiwa wapenzi wa mchezo: wachore wapiganaji, wawaandikie mapigo, watengeneze viwanja na muziki. Mwaka 2003 waanzilishi walinyamaza, lakini mchezo haukufa, kwani ulikwisha kuhamia mikononi mwa wapenzi wake. Waanzilishi waliporudi na toleo jipya mwaka 2009, waliukuta ungali hai.

Hata hivyo, pana jambo la kupima. Wengi hawakuchora wapiganaji wao. Waliwachukua katika michezo ya kampuni kama Capcom na SNK. Kisha baadhi yao walilalamika wenzao walipochukua kazi yao bila ruhusa. Mkuki kwa nguruwe, kwa binadamu mchungu.

Bao tuliachiwa sote, na anayeligeuza hamnyang'anyi mtu. Lakini picha iliyochorwa na mtu ni jasho lake. Basi, enyi vijana, msiogope kugeuza mlichorithi, kwani mchezo usioguswa hufa. Ila kabla ya kete ya kwanza, patana na mwenzako juu ya sheria. Na ukichukua kazi ya mtu, omba ruhusa yake na ulitaje jina lake.