Lipu ya Wazee Wetu

Mbeya ulianza mwaka 1927, enzi ya dhahabu ya Lupa. Iringa ni wa zamani zaidi, kwani Wajerumani walijenga boma lao hapo mwaka 1896. Katika miji yote miwili wazee wetu walijenga maduka yenye makazi nyuma, na kuta nyingi zilipigwa lipu ya chokaa.

Marehemu baba aliniachia duka la namna hiyo Uhindini, Mbeya. Ujanani niliona chokaa ni dalili ya ufukara, nikaamuru saruji ipigwe juu yake. Baada ya masika machache lipu ilivimba na chumvi ikachanua juu ya rangi. Chokaa hupumua, unyevu upandao kutoka ardhini hupita na kukauka. Saruji huufungia ndani, tofali likalainika.

Hatimaye tuliibandua. Fundi mzee aligonga ukuta kwa kifundo cha kidole; paliposikika kama mtungi mtupu ndipo alipoanzia, akitoka juu kwenda chini, tindo limelazwa, maji yakinyunyizwa kutuliza vumbi. Palipong'ang'ania, saruji iliondoka na uso wa tofali. Hilo liliniuma mno. Nyuma ya kabati la baba, ambako saruji haikufika, chokaa ilikuwa imara, ingali na rangi ya samawati tuliyoipaka kila Diwali.

Ukumbi wa hekalu letu nao ulipigwa saruji, kwa kura yangu pia. Kamati itakapoubandua, naomba ianze na kipande kidogo nyuma ya mlango, na chokaa iloweshwe mapema.