Ray Lema: kutoka orkestra za Kinshasa hadi muziki wa filamu

Ukitaja mwanamuziki wa Kongo ndani ya filamu, wengi watakujibu: Papa Wemba. Ni kweli. Mwaka wa 1987, katika La Vie est belle, aliigiza Kourou, kijana anayetoka kijijini kutafuta maisha ya muziki mjini Kinshasa. Lakini mwimbaji unayemuona kwenye filamu ni jambo moja. Anayetunga muziki wa filamu, ambaye hata uso wake hauuoni, ni jambo lingine. Huyo wa pili kwetu ni Ray Lema.

Alizaliwa mwaka wa 1946 huko Lufu-Toto, Kongo ya Chini. Akiwa mtoto aliingia seminari ili awe padri, na huko akakutana na kinanda cha kanisa. Upadri aliuacha, kinanda hakukiacha. Akaingia katika vilabu vya usiku vya Kinshasa, akipigia wakubwa wa siku zile, akiwemo Tabu Ley.

Mwaka wa 1974 akapewa kuongoza muziki wa Balé ya Taifa ya Zaire. Alizunguka majimbo akitafuta mabingwa wa ngoma, halafu sherti awapigishe pamoja watu ambao hawakuwa na lugha moja wala mwendo mmoja. Mimi naona mtunzi wa filamu alizaliwa hapo. Katika orkestra, wimbo unakimbilia seben, na mpiga gitare ndiye mfalme. Katika balé, mchezaji akisimama, muziki nao unasimama. Unajifunza kutumikia kitu kisicho chako. (Wapiga solo wetu wengi hapo wangekataa kazi!)

Mwaka wa 1979 alikwenda Marekani kwa msaada wa shirika la Rockefeller, kisha Bulaya. Mwaka wa 1986 ikatoka Black Mic-Mac ya Thomas Gilou: mkaguzi wa usafi anataka kufunga nyumba ya Waafrika jijini Paris, nao wanaita mganga kutoka nyumbani. Muziki ni wa Lema. Zikafuata Afrique, je te plumerai ya Jean-Marie Teno (1992) na Moi et mon blanc ya Yaméogo (2003).

Na mlango haujafungwa. Mwaka wa 2017 nyimbo za Kasai Allstars zilibeba Félicité, filamu iliyopigwa Kinshasa na kushinda tuzo kubwa ya FESPACO.

Hapa kwetu vijana wanapiga filamu kila mwaka. Mwishoni majina yanapita: waigizaji, mpiga picha, hata dereva. Muziki? Umeokotwa kwenye intaneti, bila jina, na mpiga gitare wa mtaa huohuo anangojea harusi ya Jumamosi.

Sisi wa redio tusicheke. Muziki unaosikia chini ya mchezo wetu wa Alhamisi ulipigwa na kijana wa hapa. Miaka mitatu, na jina lake halijasomwa hata mara moja, nami nikiwa mmoja wa wasomaji. Nimeomba dakika moja Alhamisi ijayo.