Mtoto Hangoji Harambee

Wasee, historia kidogo. Mwaka 1957, Djourno na Eyriès wa Paris walimpandikizia kiziwi kifaa cha umeme ndani ya sikio, akaanza kusikia sauti. 1984, Marekani ikaidhinisha vifaa vya aina hiyo kwa watu wazima; 1990, kwa watoto.

Leo WHO inasema watu milioni 430 wanahitaji msaada wa kusikia, karibu 80% wakiwa nchi za kipato cha chini na cha kati, kama yetu.

Mimi naona kinachotuumiza zaidi ni kuchelewa. Ubongo wa mtoto hushika lugha miaka ya kwanza. Haungoji mzazi aitishe harambee. Tupime masikio ya kila mtoto akizaliwa, kila kaunti, na familia ifunzwe lugha ya ishara mapema. Hiyo haihitaji Paris.