Kiti cha Marehemu: Ajira, Mirathi na Wajane wa Kanda ya Ziwa

Nchini India, mtumishi wa serikali akifa kabla ya kustaafu, mwenzi au mtoto wake anaweza kuomba aajiriwe kwa huruma, na reli za nchi hiyo zimeifuata desturi hiyo kwa miaka mingi. Mwanza nao ni mji wa reli: njia ya kutoka Tabora ilifika mwaka 1928, na meli za ziwani ziliendeshwa na wenye reli tangu enzi ya ukoloni hadi Shirika la Reli Tanzania lililoundwa mwaka 1977. Hata hivyo mfiwa wa hapa hana mlango huo. Sheria ya Utumishi wa Umma ya mwaka 2002 imejenga ajira juu ya sifa na ushindani wa wazi, na marekebisho ya 2007 yakaleta Sekretarieti ya Ajira. Marehemu huwaachia wategemezi wake mafao. Kiti chake hutangazwa. Wengi huuona utaratibu huu kuwa mkavu. Nauona kuwa kinga ya mjane, ingawa kinga yenyewe ina tundu.

Tujiulize kiti hicho kingemwendea nani. Usukumani, kama katika jamii nyingi zinazofuata ukoo wa baba, jambo la marehemu huamuliwa kwenye kikao cha ukoo. Tangazo la Serikali Na. 436 la mwaka 1963 liliandika mila hizo zikawa sheria: mjane harithi mali ya mumewe iwapo marehemu ameacha jamaa wa ukoo wake, na fungu la binti ni dogo kuliko la ndugu zake wa kiume. Wajane wawili wa Shinyanga waliipinga sheria hiyo mahakamani, wakafika hadi kamati ya Umoja wa Mataifa inayosimamia haki za wanawake, ambayo mwaka 2015 ilisema Tanzania imekiuka haki zao. Kama mali ya nyumbani iligombaniwa hivyo, mshahara wa kila mwezi ungeponaje? Kiti kingekuwa sehemu ya urithi, na shemeji au mtoto mkubwa wa kiume ndiye angekikalia, huku aliyemuuguza marehemu akibaki mgeni wa huruma yao.

Atakayepinga atasema fedha huisha, kazi hudumu. Na kwamba Novemba 2022, ndege ya Precision Air ilipoanguka ziwani Bukoba, serikali ilimwelekeza mvuvi Majaliwa Jackson kwenye mafunzo ya Jeshi la Zimamoto na Uokoaji bila kusubiri tangazo la ajira. Lakini kijana yule alipewa nafasi kwa kitendo chake mwenyewe, siyo kwa damu ya mtu mwingine. Hoja ya kwanza ni nzito zaidi. Hata hivyo Mahakama ya Juu ya India yenyewe, mwaka 1994, ilisema ajira ya huruma si haki ya kurithi, ni msaada wa kuivusha familia katika dhiki ya ghafla. Kama shabaha ni hiyo, pensheni inayofika mapema huifikia vizuri zaidi, kwani humfaa pia mjane asiyejua kusoma na mtoto wa miaka 6, ambao hakuna ofisi ingewaajiri.

Tundu liko kwenye neno “mapema”. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya 2008 inawapa wategemezi wa aliyefia kazini pensheni ya kila mwezi, na mwaka 2018 mifuko ya pensheni ya watumishi wa umma iliunganishwa kuwa mfuko mmoja, PSSSF. Lakini njia ya kufikia mafao hupita kwenye cheti cha kifo, muhtasari wa kikao cha ukoo na usimamizi wa mirathi wa Mahakama ya Mwanzo. Mama wa Ukerewe huvuka maji kwa nauli ya kukopa kufuatilia karatasi, na muhtasari anaouhitaji unaandikwa na watu wale wale wanaoinyemelea nyumba yake. Mwajiri anamjua mwenzi na watoto tangu marehemu alipojaza fomu za kazi. Fungu lao lilipwe kwa kumbukumbu hizo, na ukoo ugawane kilichobaki.